Nilisema viongozi wa AMCOS wamekula kilo zetu: je, nitafungwa?

SWALI: Shikamoo wakili. Mimi ni mkulima wa zabibu wilayani Chamwino na ni mwanachama wa AMCOS, yaani chama cha msingi cha ushirika wa mazao, ya kijijini kwetu. Msimu uliopita niliwasilisha makreti 62, jumla kilo 1,240, na stakabadhi za mapokezi ninazo zote. Malipo yaliyoingia benki ni ya kilo 1,085. Nilimuuliza meneja mara mbili, akaniambia nisubiri mkutano mkuu, na mkutano wenyewe hadi leo haujaitishwa. Kwa hasira nilirekodi sauti kwenye kundi la WhatsApp la wakulima, ambamo tupo watu kama 180, nikasema mwenyekiti na meneja ni wezi, wamekula kilo zetu, na mizani wameichezea. Sauti hiyo imesambazwa hadi kundi la kata. Sasa nimepigiwa simu nifike kituo cha polisi siku ya Alhamisi, naambiwa nina kosa la kumkashifu kiongozi. Je, nitafungwa? Na sisi wakulima tulalamike wapi ikiwa kusema ni kosa?

JIBU: Marahaba, dada yangu, na pole kwa msukosuko. Barua yako nimeisoma mara tatu, kwa sababu mambo yaliyomo siyajui kwa vitabu tu. Nimelelewa na zabibu. Namkumbuka marehemu baba akirudi jioni kutoka kituo cha kukusanyia mazao, akitoa vikaratasi vya mzani kwenye mfuko wa shati, akivipanga mezani na kujumlisha kwa penseli nyuma ya daftari langu la shule, kisha akijumlisha tena kana kwamba hesabu ikirudiwa itabadilika. Hakuwahi kumlalamikia mtu yeyote, kwa kuwa aliamini kwamba mkulima akimnyooshea kidole kiongozi wa chama, msimu unaofuata zabibu zake zitapimwa za mwisho, jua likiwa limeshazilainisha. Wewe umesema. Umesema kwa namna iliyokuletea shida, lakini umesema, na ningependa kukuonyesha jinsi ya kuendelea kusema bila kumpa mtu fimbo ya kukuchapia.

Nianze na lile linalokukosesha usingizi. Kwa jinsi sheria zilivyo sasa Tanzania Bara, kashfa peke yake, yaani maneno yanayomshushia mtu heshima mbele ya wenzake, si kosa la jinai; ni jambo la madai, na mtu aliyekashifiwa anayeshinda kesi yake hupewa fidia, hapati nafasi ya kumpeleka mwenzake gerezani. Hata hivyo usilipokee jibu hilo ukalala, kwa sababu maneno yako yalipita kwenye simu, na maneno yanayopita kwenye simu yana sheria yake, ambayo ina kifungo ndani yake.

Kashfa ya jinai tuliirithi kwa Mwingereza, ikakaa kwenye Kanuni ya Adhabu hadi mwaka 1976 ilipohamishiwa kwenye Sheria ya Magazeti. Mwaka huo ulikuwa mzito kwa mkulima, kwa kuwa ndio ambao pia vyama vikuu vya ushirika vilivunjwa. Sheria ya Magazeti ikafutwa na Sheria ya Huduma za Habari ya mwaka 2016, ambayo nayo ilikuja na vifungu vyake vya kashfa. Tarehe 28 Machi 2019 Mahakama ya Afrika Mashariki, katika shauri lililofunguliwa na Baraza la Habari Tanzania, Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu na Mtandao wa Watetezi wa Haki za Binadamu, ilitamka kwamba vifungu vingi vya sheria hiyo, vikiwemo vya kashfa, vinakiuka Mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki. Na mwaka 2023 Bunge likapitisha marekebisho yaliyoiondolea kashfa sura ya jinai. Mahakama Kuu ya Kenya ilikuwa imelifuta kosa kama hilo Februari 2017, na kabla ya hapo, Desemba 2014, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu iliyoko Arusha ilikwisha kusema, katika shauri la mwandishi Lohé Issa Konaté wa Burkina Faso, kwamba kumfunga mtu kwa sababu ya kashfa kunapita kiasi. Kwa hiyo anayekuambia kwamba una kosa la kumkashifu kiongozi anataja kosa ambalo, kwa jina hilo, huwezi kulikuta kwenye hati ya mashtaka.

Utakachokikuta, ikiwa jambo litafika huko, ni Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015. Hiyo inamkamata mtu anayechapisha kwenye mfumo wa kompyuta, na simu yako imo ndani ya maana hiyo, taarifa kwa picha, maandishi, alama au namna nyingine yoyote, akijua kwamba taarifa hiyo ni ya uongo, ya kudanganya, ya kupotosha au si sahihi, na akiwa na nia ya kukashifu, kutishia, kutukana, au kudanganya na kupotosha umma kwa namna nyingine. Adhabu yake ni faini isiyopungua shilingi milioni 5, au kifungo kisichopungua miaka 3, au vyote viwili. Angalia vizuri lilipokaa neno kukashifu. Kwenye sheria ya habari si jinai tena, lakini humu limebaki kama nia inayotafutwa ndani ya kosa la kusambaza uongo. Hapo ndipo mpelelezi anapolipata, na ndiyo sababu naona marekebisho ya mwaka 2023, pamoja na uzuri wake, yalimfaa mwandishi wa habari kuliko yalivyomfaa mkulima mwenye simu ya mkononi.

Lakini kifungu hicho cha sheria kina mizigo miwili, na yote miwili anaibeba mshtaki. Kwanza ni lazima athibitishe, pasipo kuacha shaka ya maana, kwamba taarifa ilikuwa ya uongo au si sahihi. Pili ni lazima athibitishe kwamba wewe, wakati ulipobonyeza kitufe cha kurekodi, ulijua kwamba ni ya uongo. Kukosea si kujua. Mtu mwenye stakabadhi za kilo 1,240 mkononi na malipo ya kilo 1,085 benki, aliyeuliza mara mbili akaambiwa asubiri, ana sababu ya kuamini kwamba amepunjwa, hata kama baadaye itaonekana kuna maelezo mengine. Kwa hiyo vikaratasi vyako vya mzani, mbali ya kuwa madai yako ya fedha, ni kinga yako ya jinai pia. Visikae kwenye kopo la sukari wala chini ya godoro ambako jasho na panya vitavimaliza. Vipige picha vyote leo, kimoja kimoja, namba na sahihi zikionekana, umtumie ndugu unayemwamini, kisha nakala halisi uzifunge kwenye mfuko wa nailoni.

Lipo pia kosa dogo la Kanuni ya Adhabu la kutumia lugha ya matusi kwa namna inayoweza kuvunja amani, ambalo adhabu yake ni kifungo cha hadi miezi 6. Maneno uliyoyanukuu ni makali, ila si matusi kwa maana hiyo. Kama kwenye sauti kuna mengine ambayo hukuyaandika, mwambie wakili wako kabla hujamwambia mtu mwingine.

Upande wa madai ndio ambao wakulima wengi huusahau, wakidhani kwamba polisi wakiwaachia mambo yamekwisha. Mwenyekiti na meneja wanaweza kukushtaki kila mmoja kwa jina lake, na chama chenyewe, kwa kuwa kimeandikishwa na ni mtu kisheria, kinaweza kudai kwamba jina lake la biashara limechafuliwa, na muda wa kufungua shauri la namna hiyo ni miaka 3. Humo ushahidi hautakiwi kufika kiwango cha jinai. Hutazamwa upande upi una uzito zaidi. Ukisema maneno yako ni ya kweli, ni wewe utakayetakiwa kuonyesha ukweli huo. Wala haisaidii kusema kwamba uliyasikia kwa wengine, na hili wapelekee wenzako waliosambaza sauti hadi kundi la kata: anayerudia kashfa ameichapisha upya, na anaweza kuunganishwa kwenye kesi kama yule aliyeanza.

Sasa tuyatazame maneno yenyewe, kwa kuwa ulisema mambo matatu na kila moja lina hali yake.

Ulisema wamekula kilo zenu. Unachokijua kwa hakika ni kwamba kuna kilo 155 zilizoingia kwa stakabadhi na hazikutoka kwa malipo. Kwamba zimeliwa, na nani amezila, hujui bado. Niruhusu nikufanyie hesabu ambayo meneja alipaswa kukufanyia. Makreti yako yalikuwa 62, na kila moja lilisomeka kilo 20. Je, pale kijijini zabibu zilipimwa pamoja na kreti lake, na kiwandani zikapimwa baada ya kutoa uzito wa kreti? Ikiwa kreti tupu lina kilo 2, basi makreti 62 yanachukua kilo 124 peke yake, na kilo 31 zilizobaki zinaweza kuwa maji yaliyochuruzika kwenye turubai la lori lililosubiri foleni ya kiwanda juani, au vichala vilivyokataliwa kwa kuoza au kwa sukari kuwa chini ya kipimo. Sisemi kwamba ndivyo ilivyokuwa. Inawezekana vilevile kwamba kilo hizo zimeandikwa kwa jina la mkulima hewa asiye na hata mche mmoja wa mzabibu, kwa maana mtindo huo upo, na wapo viongozi wa vyama waliofikishwa mahakamani kwa mambo ya aina hiyo. Ninachosema ni kwamba jibu limo kwenye nyaraka tatu, nazo ni kitabu cha mapokezi cha chama, hati ya mapokezi ya kiwanda na orodha ya malipo ya wakulima. Zikiwekwa sambamba, mwizi ataonekana kama yupo, na kama hayupo itaonekana kreti.

Ulisema mizani wameichezea. Hili ndilo linalonitia wasiwasi zaidi kuliko yote matatu, kwa sababu ni tuhuma ya jambo mahususi linaloweza kupimwa, na katika barua yako hujaniambia kwamba uliona chochote. Isitoshe linapingana na dai lako lenyewe, kwa maana mizani iliyokupa kilo 1,240 ndiyo unayoitegemea dhidi ya malipo ya kilo 1,085. Ukishikilia kwamba mizani ni mbovu, unaitia doa stakabadhi yako mwenyewe. Kama una shaka ya kweli na mizani, Wakala wa Vipimo ndio wenye kazi ya kuihakiki na kuibandika stika kila mwaka. Angalia kama stika ipo na ni ya mwaka gani, kisha peleka malalamiko kwao.

Na ulisema ni wezi. Hiyo ni hukumu, na mwenye kuitoa ni hakimu baada ya kusikiliza pande zote. Ningekuwa nawe siku ile ningekushauri useme hivi: "Niliwasilisha kilo 1,240, nimelipwa kilo 1,085, nimeuliza mara mbili sijajibiwa, na namtaka mwenyekiti atueleze kilo 155 zimekwenda wapi." Sentensi hiyo haina tusi wala hukumu, kila neno lake lina karatasi nyuma yake, na naamini ingemuuma mwenyekiti kuliko neno wezi, kwa sababu neno wezi linampa nafasi ya kuwa mlalamikaji, wakati swali la kilo 155 linambakiza kwenye kiti cha kujibu. Nimeona mkulima mwenye dai halali kabisa la fedha akimaliza mwaka mzima anajitetea kwa neno moja alilolisema, na fedha zake hakuna aliyeziulizia tena.

Hapa nafika kwenye jambo ambalo ningetaka kila mwanachama wa AMCOS alijue. Sheria haiyatazami maneno peke yake. Inatazama pia yamesemwa kwa nani. Mtu anayepeleka malalamiko kwa mwenye wajibu wa kuyapokea, au anayezungumza na wenzake wenye maslahi yaleyale kuhusu jambo lao la pamoja, ana kinga katika kesi ya kashfa hata kama baadaye itaonekana alikosea, maadamu alisema kwa nia njema na aliamini anachosema. Mwanachama anayesimama kwenye mkutano mkuu na kuuliza juu ya hesabu yumo ndani ya kinga hiyo, kama alivyo anayemwandikia Mrajis, yaani msimamizi wa vyama vya ushirika. Kinga huvunjika kwa mambo mawili: chuki, yaani pale inapoonekana kwamba lengo lilikuwa kumuumiza mtu na si kuponya chama, na kuyatawanya maneno kwa watu wasiohusika. Kundi lenu la watu 180, kama wote ni wanachama wa chama hicho, wakili wako ana la kusema. Kama mumo wanunuzi, madereva na jamaa waliongezwa tu, hoja inadhoofika. Kundi la kata halimo kabisa ndani ya kinga hiyo, lakini ikiwa si wewe uliyeipeleka sauti huko, lisemwe hivyo mapema na kwa ushahidi.

Umeuliza mlalamike wapi. Sheria ya Vyama vya Ushirika ya mwaka 2013 inaufanya mkutano mkuu kuwa mamlaka ya juu ya chama. Bodi na meneja wako chini yake, na jibu la "subiri mkutano mkuu" kutoka kwa watu ambao ndio wenye kuuitisha si jibu. Masharti ya chama chenu, ambayo una haki ya kuyasoma ofisini bila malipo, yanataja idadi ya wanachama wanaoweza kudai mkutano mkuu maalumu. Tafuta wenzako waliopungukiwa kilo kama wewe. Ikiwa ni wengi na upungufu wao unafuata idadi ya makreti, mtakuwa mmepata jibu la nusu ya swali hata kabla ya kikao.

Barua ya kwanza iende kwa bodi, ikieleza kilo, tarehe, namba za stakabadhi na nyaraka tatu unazotaka kuziona. Nakala apewe Afisa Ushirika wa halmashauri. Wakikaa kimya, andika kwa Mrajis Msaidizi wa Vyama vya Ushirika wa mkoa. Kanuni za mwaka 2015 zinataka migogoro ya ndani ya chama ianzie kwenye mazungumzo na usuluhishi, na mahakama zetu zina kawaida ya kuwarudisha watu walioruka ngazi hiyo, kwa hiyo usiharakishe kufungua kesi ya kilo mahakamani. Mrajis ana mamlaka ya kuchunguza mwenendo na hali ya fedha ya chama, na pale inapothibitika kwamba kiongozi ametumia vibaya fedha au mali ya chama, anaweza kumwamuru azirudishe. Ukaguzi wa hesabu uko chini ya COASCO, shirika la ukaguzi na usimamizi wa vyama vya ushirika, na taarifa yao inapaswa kusomwa mbele ya wanachama. Omba uonyeshwe ya mwaka wa mwisho. Ninyi wa Chamwino mna nafuu ambayo mkulima wa Tunduru au wa Ngara hana, maana Tume ya Maendeleo ya Ushirika na COASCO makao makuu yao yako hapahapa Dodoma, mtu anakwenda asubuhi na kurudi jioni akiwa na nakala iliyogongwa muhuri.

Ikiwa nyaraka zitaonyesha wakulima hewa, au fedha zilizotoka bila maelezo, hapo jambo ni la TAKUKURU, kwa kuwa ubadhirifu ni kosa chini ya Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007, na ofisi zao za mikoa zimewahi kurejesha fedha za wakulima kutoka mikononi mwa viongozi wa vyama. Sheria ya Ulinzi wa Watoa Taarifa na Mashahidi ya mwaka 2015 inamkinga mtu anayetoa taarifa za uhalifu kwa mamlaka husika kwa nia njema. Huko pia usiongeze chumvi, kwa maana kumpa mtumishi wa umma taarifa unayojua ni ya uongo ni kosa linalojitegemea. Pale usipojua, andika kwamba hujui na unaomba ichunguzwe.

Wapo wanaowashauri wakulima wanyamaze kabisa hadi mambo yapoe. Siungi mkono ushauri huo. Katiba, katika Ibara ya 18, inampa kila mtu uhuru wa kutoa maoni na haki ya kupewa taarifa za mambo muhimu ya maisha yake, na sijui jambo lililo muhimu kwa maisha ya mkulima kuliko kilo zake. Ni kweli kwamba Ibara ya 30 inalinda pia sifa za watu wengine, na mwenyekiti ni mmoja wa watu hao. Ana watoto wanaosoma shule moja na wako, na akiitwa mwizi bila kosa anaumia kama ambavyo wewe ungeumia. Lakini kumwita mwanachama polisi kabla ya kumfungulia kitabu cha mapokezi ni kuupindua utaratibu, nami nalisema hili waziwazi kwa viongozi wa vyama wanaonisoma: dakika kumi za kumwonyesha mkulima hesabu yake zingewaepusha na yote haya.

Turudi kwenye Alhamisi. Nenda. Kutokwenda kutageuza wito kuwa hati ya kukamatwa. Usiende peke yako; nenda na wakili, na kama huna uwezo, waone wasaidizi wa kisheria walio wilayani, kwa kuwa Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imewaweka kwa ajili ya watu wa hali yako. Angalau nenda na ndugu mtu mzima. Ukifika uliza jina la mpelelezi, jina la mlalamikaji na kosa linalochunguzwa, uyaandike kwenye daftari. Una haki ya kujulishwa kwamba hulazimiki kusema lolote, na haki ya kuwasiliana na wakili au ndugu kabla ya kuhojiwa. Mahojiano ya mtu aliye chini ya ulinzi yana kipimo cha saa 4 za awali, na kuongezwa kwake kuna masharti. Maelezo ya onyo, yaani yale ambayo polisi wanayaandika kutoka kwako, yasome neno kwa neno, au usomewe, kabla ya kutia sahihi. Kama wameandika kwamba ulikiri ulikuwa unajua si kweli, usisaini mpaka pasahihishwe, kwa maana neno hilo moja ndilo lote wanalolihitaji. Ukizuiliwa, makosa haya yana dhamana, dhamana hailipiwi, na usipopewa unapaswa kufikishwa mahakamani ndani ya saa 24.

Simu yako inaweza kuchukuliwa, kwani sheria ya mtandao inamruhusu mkuu wa kituo kuamuru upekuzi na ukamataji. Ikichukuliwa dai hati ya kukamata mali, yenye aina ya simu na namba yake, ikisainiwa na mashahidi. Usiifute ile sauti. Kuifuta hakuiondoi kwenye simu za watu 180, lakini kunakunyang'anya wewe ushahidi wa ulichosema kwa ukamilifu, ukiwa pamoja na maneno yaliyotangulia na yaliyofuata.

Kuhusu kuomba radhi, ushauri wangu ni huu, nao uupitishe kwa wakili wako kwanza. Kwenye suala la mizani, ambalo huna ushahidi nalo, na kwenye neno wezi, rekebisha kauli yako katika kundi lilelile, kwa maandishi, kwa kusema kwamba huna uthibitisho wa mizani kuchezewa, kwamba unaliondoa neno wezi, na kwamba swali lako la kilo 155 linabaki palepale. Mahakama ya madai huuzingatia urekebishaji wa mapema inapopima fidia. Usiombe radhi kwa kuuliza, na usisaini kwa mwenyekiti karatasi yoyote inayosema kwamba huna madai na chama, hata kama utaahidiwa kwamba jalada litafungwa siku hiyohiyo.

Kabla ya Alhamisi kuna siku chache za kazi. Barua ya bodi iandike leo usiku, kesho asubuhi iwasilishe ofisini kwa chama na nakala kwa Afisa Ushirika, na kila mahali gongewa muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako, au mpokeaji aandike jina, tarehe na sahihi. Nakala hiyo iende nawe kituoni ikiwa pamoja na picha za stakabadhi zote na taarifa ya benki, na mpelelezi akikuuliza kwa nini ulisema uliyoyasema, mwekee karatasi mezani kwanza, wakili wako akiwa amekaa kando yako.